Uzi: Je, goldenrod ndiyo inayotupigisha chafya kila Agosti, au tunaisingizia?

MtuWaUvira (Louisville, Kentucky)

Habari za jioni wanajamvi. Naomba tusaidiane kwa hoja. Kuanzia katikati ya Agosti hadi baridi kali ya kwanza, kando za barabara kuu, mashamba yaliyoachwa na hata uwanja wa nyuma ya karakana za mtaa wetu hujaa mmea mrefu wenye mashada ya maua madogo ya manjano, ambao wenyeji huuita goldenrod. Katika kipindi hicho hicho, nusu ya watu ninaosali nao huwashwa macho, hutokwa na makamasi na hupiga chafya mpaka mahubiri hayasikiki. Jirani yangu, ambaye ni mzaliwa wa hapa, anashikilia kwamba mmea huo ndio chanzo, na anataka tuufyeke wote katika kiwanja kilicho kati ya nyumba zetu. Mimi nashangaa jambo moja: ua hilo ni ua rasmi la jimbo la Kentucky tangu mwaka 1926. Jimbo lingechagua vipi mmea unaowaumiza wananchi wake? Nadhani jirani anakosea, ila sijui nimjibu nini.

BintiPangani (Columbus, Ohio)

Jirani yako ana wenzake wengi, lakini hoja yake haisimami. Chavua ya goldenrod ni nzito na inanata, kwa kuwa mmea huo hutegemea nyuki, nyigu, mbawakawa na vipepeo kuibeba, na ni kidogo sana inayoelea hewani. Anayewasumbua ni mmea mwingine unaochanua siku hizo hizo, mara nyingi pembeni yake kabisa, nao ni ragweed, yaani Ambrosia artemisiifolia. Maua yake ni ya kijani, ni madogo, yameinama kuelekea chini katika vikonyo vilivyosimama wima, na mtu anaweza kupita mbele yake kila siku asijue kwamba umechanua. Mche mmoja ulioshiba hukadiriwa kutoa hadi chembe bilioni moja za chavua kwa msimu, na kwa kuwa hutegemea upepo, chavua hiyo imewahi kunaswa mamia ya kilomita baharini. Katika kliniki ninayofanyia kazi, wagonjwa hutuonyesha picha za goldenrod kwenye simu zao kwa sababu ndilo ua wanaloliona. Kikulacho ki nguoni mwako.

MlimaMeru (Arusha)

Dada, ulivyoueleza huo ragweed umenikumbusha gugu karoti lililotuvamia huku Arusha, kando ya barabara na malishoni, ambalo ng'ombe hawalitaki na wapaliliaji huvimba mikono wakiling'oa bila glavu. Je, kuna udugu?

Jani_Kavu (Morogoro)

Udugu upo, tena wa karibu. Gugu karoti ni Parthenium hysterophorus, nalo limetoka Amerika pia. Yote matatu yamo katika familia ya Asteraceae, ile ya alizeti na pareto, lakini ndani ya familia hiyo gugu karoti na ragweed wanakaa tawi moja, ilhali goldenrod iko tawi la mbali. Ndiyo maana baadhi ya watu waliopata mzio kwa gugu karoti huitikia pia chavua ya ragweed wanapopimwa.

Nirekebishe pia jambo moja katika swali la mwenye uzi. Goldenrod ni jenasi nzima, Solidago, yenye aina mia moja na ushee, nyingi zikiwa za Amerika Kaskazini. Ua la Kentucky kwa kawaida hutajwa kuwa Solidago gigantea, na Nebraska walilichukua hilo hilo tangu 1895. Lakini zinazojaa kando ya barabara za huko mara nyingi ni Solidago altissima na Solidago canadensis, ambazo hata wataalamu hubishana kama ni aina mbili au moja. Hebu pitisha kidole kwenye shina, sehemu ya katikati. Likiwa laini, halina nywele, na lina ungaunga mweupe unaofutika, hiyo ni gigantea. Likikwaruza kwa vinywele vifupi kuanzia chini hadi juu, basi una altissima.

Na hoja ya kwamba jimbo haliwezi kuchagua mmea wenye madhara haina nguvu sana, kwa sababu majimbo huchagua na hubadili mawazo. Alabama walikuwa na goldenrod tangu 1927, kisha mwaka 1959 wakaiacha na kuchukua ua la kamelia, ambalo asili yake ni Asia.

MsimamiziWaVivungulio (Naivasha)

Nimesoma kwa makini na nina shaka kidogo na utetezi wa Binti Pangani. Sisi huku Naivasha tunaulima mmea huu kwa ajili ya soko la Ulaya, nasi huuita solidago tu. Ndiyo yale matawi ya manjano yanayojaziwa katikati ya waridi kwenye mashada. Kwa kuwa hapa kwetu mchana na usiku hukaribiana mwaka mzima, mmea ukiachwa hivi hivi huharakisha kuchanua ukiwa mfupi usiouzika, kwa hiyo tunauwashia taa usiku kwa majuma ya mwanzo ili shina lirefuke, halafu tunazizima taa ili utoe maua. Sasa, akina mama wanaopanga na kufunga matawi hayo, hasa yale yaliyochelewa kuvunwa yakafunguka kabisa, wapo waliolalamika macho kuwasha na kifua kubana, na tuliwahamishia kwenye waridi wakapata nafuu. Naivasha hatuna ragweed ya kusingizia. Nani basi aliyewapigisha chafya?

BintiPangani (Columbus, Ohio)

Mkuu wa Naivasha, hatupingani. Kusema kwamba chavua haielei hewani si kusema kwamba haina uwezo wa kuleta mzio. Wafanyakazi wa maua nchini Uholanzi walishapimwa wakaonekana kuitikia solidago pamoja na maua mengine ya familia hiyo, kwa sababu wanaishika, wanaitikisa na kuivuta puani kutwa nzima ndani ya chumba kilichofungwa. Mtu anayepita kando ya barabara kwa gari, vioo vimepandishwa, hayuko katika hali hiyo.

MsimamiziWaVivungulio (Naivasha)

Naelewa. Lakini jirani wa Mtu wa Uvira hapiti kwa gari. Kiwanja kiko kati ya nyumba zao, na huenda akakifyeka mwenyewe kwa mashine bila kuziba pua.

Kunguru_Mweusi (Nairobi)

Mbona mnazungumza kana kwamba chafya zote za dunia zinatoka kwenye maua? Agosti na Septemba huko Marekani ndipo majani yanapoanza kuoza na mazao kuvunwa, na hewa hujaa vimelea vya ukungu wa aina ya Alternaria, ambao nao ni chanzo kinachojulikana cha mzio na cha pumu. Halafu ongezeni mazulia, paka wa ndani na viyoyozi visivyosafishwa. Labda goldenrod na ragweed wote wawili wanasingiziwa.

MamaWatano (Lewiston, Maine)

Mimi naongeza fumbo lingine. Nilipofika kutoka Mombasa sikuwa na tatizo lolote, na niliwacheka wenyeji wanaotembea na karatasi za kufutia makamasi. Baada ya miaka michache nami nikaanza, na mdogo wangu aliyefika baadaye akafuata njia hiyo hiyo. Mimea ni ile ile, barabara ni ile ile. Kilichobadilika ni nini?

BintiPangani (Columbus, Ohio)

Mama, jambo hilo madaktari wanalijua: wahamiaji wengi hufika wakiwa na mzio kidogo kuliko wenyeji, na kiwango hupanda kadiri wanavyokaa. Mwili hauitikii chavua mara ya kwanza unapokutana nayo. Huizoea vibaya kwanza, kwa msimu mmoja au zaidi, ndipo huanza kuipiga vita. Wapo wanaoongeza kwamba kuugua minyoo na maambukizi mengine utotoni hutulinda kwa muda, ingawa maelezo hayo yana wapinzani.

Kunguru_Mweusi (Nairobi)

Kwa hiyo dawa ni kurudisha minyoo. Asante, daktari.

Mrina_Asali (Lancaster, Pennsylvania)

Salaam. Nimechelewa kufika, lakini siwezi kuona mmea huu ukisemwa hivyo nikanyamaza. Mimi nimetoka Tabora, kwetu ni asali ya miombo, na huku nafuga nyuki. Bila goldenrod nyuki wangu wasingevuka baridi. Maua ya majira ya joto yakishakwisha, hii ndiyo karamu ya mwisho pamoja na maua ya asta, na akiba ya mzinga kwa miezi ya theluji hutegemea majuma hayo. Mzinga wenye nekta ya goldenrod inayoiva hutoa harufu ambayo wafugaji wa hapa huilinganisha na soksi zilizovaliwa wiki nzima, na mgeni akiinusa hudhani nyuki wameugua. Asali yenyewe ikishafungwa huwa nzuri, nzito, ya rangi ya kahabia, ila hugandamana upesi kuliko nyingi. Vipepeo wakubwa wa rangi ya chungwa wanaohamia Meksiko nao hunywa hapo njiani.

Na mnapoizungumzia chavua, kuna jambo zito kuliko chafya. Watafiti walichukua vielelezo vilivyokaushwa vya Solidago canadensis katika hazina ya makumbusho ya Smithsonian ya Marekani, vingine vya tangu 1842, wakapima protini ya chavua wakilinganisha na ya mwaka 2014. Imeshuka kutoka kama asilimia 18 hadi kama 12, na walipoiotesha wenyewe katika viwango tofauti vya hewa ukaa, protini ilishuka kadiri hewa ukaa ilivyozidi. Nyuki anakusanya mzigo ule ule, lakini chakula kimepungua theluthi.

Jani_Kavu (Morogoro)

Taarifa hiyo ni sahihi, na ubora wake ni kwamba walioteshea mimea shambani pia badala ya kutegemea vielelezo vya zamani peke yake, kwani mtu angeweza kudai kwamba kukaa kabatini ndiko kulikobadilisha protini. Bado hatuwezi kuruka kutoka hapo na kusema kwamba ndiyo sababu ya mizinga kufa. Utitiri wa nyuki, dawa za kuulia wadudu na njaa ya kawaida vyote vimo katika foleni.

MtuWaUvira (Louisville, Kentucky)

Asanteni nyote. Nimekwenda kupapasa: shina linakwaruza lote, kwa hiyo nadhani ni altissima. Nimeona mambo mawili mengine. Kwanza, baadhi ya mashina yana uvimbe wa mviringo katikati, mgumu, wenye upana wa kama sentimita mbili na nusu, na shina linaendelea juu yake kana kwamba halijui. Nimepasua mmoja kwa kisu nikakuta ndani ni kama sifongo kavu, na katikati kuna buu mmoja mnene, mweupe, aliyejikunja katika chumba chake. Pili, kiwanjani hamna mmea mwingine wa maana. Huu umetawala kila mahali. Huo ni ugonjwa? Na unatawalaje hivyo?

Mrina_Asali (Lancaster, Pennsylvania)

Si ugonjwa. Huyo ni mtoto wa nzi, Eurosta solidaginis. Mama hutaga yai katika chipukizi la ncha wakati wa majira ya kuchipua. Buu akiingia ndani huuchochea mmea umjengee nyumba, naye huila nyumba kwa ndani. Kabla ya baridi hutoboa njia kuelekea nje na kuacha ngozi nyembamba tu ya mwisho, kwa sababu akishageuka nzi hatakuwa na meno ya kutafuna. Wakati wa kutoka huvimbisha mfuko ulioko kwenye paji la uso na kuisukuma ngozi hiyo ipasuke. Wakati wa baridi mwili wa buu hujaa gliseroli na sorbitoli, kemikali za kukinga baridi, akaganda bila kufa. Wavuvi wa kwenye barafu huku huwakusanya wakawa chambo.

Jani_Kavu (Morogoro)

Na ukubwa wa uvimbe una kesi yake. Nyigu fulani hutoboa uvimbe mdogo wenye ukuta mwembamba na kumtagia yule buu, ilhali kigotagota hupendelea uvimbe mkubwa unaoonekana kwa mbali wakati wa theluji. Anayepona ni wa kati. Kazi hiyo ilifanywa kwa miaka mingi Pennsylvania, chini ya akina Abrahamson wa Chuo Kikuu cha Bucknell. Mmea nao haukai kizembe: imeonekana kwamba altissima ikinusa harufu ya nzi dume, hujiandaa, na majike hutaga kidogo zaidi juu yake. Mashina mengine huinamisha ncha chini wakati nzi wanapotaga, kisha husimama tena kabla ya kuchanua.

Kuhusu kutawala, elezo la kwanza ni mashina yake yanayotambaa chini ya ardhi na kuchipua pande zote, hivi kwamba ulichokiona kama miche mingi huenda ni mmea mmoja wenye umri wa miongo. La pili ni kivuli: ukishafika kimo cha mtu, mche mdogo chini yake haupati jua. La tatu ni sumu za mizizi, na huko Japani, ambako altissima ni gugu la kigeni, imetambuliwa kemikali inayozuia mbegu za mimea mingine kuota. Ni ipi yenye uzito zaidi, wataalamu hawajakubaliana.

Ukerewe_Köln (Köln, Ujerumani)

Umesahau la nne, na sisi huku ndio mashahidi. Canadensis na gigantea zimejaa kando ya reli na kwenye viwanja vya viwanda vilivyofungwa hapa Rhineland. Zililetwa Ulaya kama maua ya bustani karne ya 17 na baadaye, zikatoroka. Kwao zina wadudu wengi wanaozila, huku zina wachache. Mdudu ndiye anayezizuia Marekani, si udongo.

Jani_Kavu (Morogoro)

Lina ushahidi upande wa Marekani pia. Karibu na Ithaca, New York, watafiti wa Chuo Kikuu cha Cornell walinyunyizia sehemu ya shamba dawa ya wadudu kwa miaka kumi, na goldenrod ikawa nene na ndefu kiasi cha kuiminya mimea mingine, ilhali pale pasiponyunyiziwa mbawakawa walizuka, wakaitafuna, na mimea mingine ikapata nafasi. Lakini nchini Uchina maelezo hayo hayatoshi, kwa sababu canadensis iliyovamia huko ni ya kromosomu 54 na ya Ulaya kwa kawaida ni ya 18, na ile ya 54 huvumilia joto vizuri zaidi. Kwa hiyo huenda ni suala la damu ya mmea wenyewe.

MtaniWaTanga (Tanga)

Wataalamu mmetaja asali, mabuu na makamasi, hamkutaja mpira! Mvumbuzi Thomas Edison alimaliza uhai wake akihangaika na mmea huu. Mwaka 1927 yeye, Henry Ford wa magari na Harvey Firestone wa matairi walianzisha kampuni ya utafiti ili Marekani isitegemee mpira wa nchi ya Malaya (leo sehemu ya Malaysia) uliokuwa mikononi mwa Waingereza. Walipima mimea kama 17,000, na huko Fort Myers, Florida, wakaishia kwenye goldenrod ya aina ya Solidago leavenworthii. Sisi watu wa Muheza tunauliza tu: mpira wa Wajerumani ulioporomoka kwetu mwaka 1913 kwa sababu ya Malaya hiyo hiyo, mbona hawakuja kuuchukua kwa bei ya kutupa?

Kunguru_Mweusi (Nairobi)

Kwa sababu walitaka unaoota nyumbani kwao na kuvunwa kwa mashine ndani ya msimu mmoja, Mtani. Mpira wa Muheza ulikuwa wa mti, unahitaji mikono ya kuugema. Ule wa goldenrod umo ndani ya majani; huugemi, bali unayakausha, unayasaga na kuutoa kwa kemikali. Edison alizalisha aina iliyofikia takriban asilimia 12 ya mpira, lakini ulikuwa laini mno na unanata. Alifariki 1931, na baada ya miaka michache kazi ikaachwa.

MtaniWaTanga (Tanga)

Kumbe hata mpira wake unanata kama chavua yake. Nimeridhika.

MtuWaUvira (Louisville, Kentucky)

Turudi kiwanjani. Jirani ameshakodi mashine ya kufyekea. Nimwambie nini ambacho atakikubali?

Jani_Kavu (Morogoro)

Mwambie kwamba ragweed ni mmea wa mwaka mmoja unaopenda udongo uliochimbuliwa na kuachwa wazi, na goldenrod ni mmea wa kudumu unaomnyima nafasi. Akiing'oa na kulima kiwanja, mwaka unaofuata huenda akavuna ragweed tupu, na hapo chafya zitakuwa za kweli.

MsimamiziWaVivungulio (Naivasha)

Hilo ni iwapo atalima. Akifyeka tu mwezi wa Juni bila kugusa udongo, mmea utachipua tena na kuchanua ukiwa mfupi, kama tunavyofanya sisi baada ya kuvuna. Nyuki watapata chao na jirani ataona mbele.

BintiPangani (Columbus, Ohio)

Ragweed nayo ikifyekwa Juni hutoa maua ikiwa imelala chini, mkuu, na nyembe za mashine haziifikii. Kabla ya mashine, jirani akapimwe ngozi: kliniki za mzio huwa na tone la ragweed, la ukungu na la nyasi, na jibu hupatikana ndani ya kama dakika 20.

Kunguru_Mweusi (Nairobi)

Na akionekana ana mzio wa ukungu peke yake, nitawadai nini?

Mrina_Asali (Lancaster, Pennsylvania)

Chupa moja ya asali. Ila jirani afyeke nusu tu, na aache ile yenye uvimbe hadi majira ya kuchipua, maana vigotagota hawana pa kwenda Januari.